MICHEZO YA VYUO VIKUU VYA DUNIA

Na Mwanafunzi wa Kidato cha Nne

Ukimwuliza mwanafunzi yeyote wa shule hii habari za Kombe la Dunia, atakujibu kabla hujamaliza kuuliza. Ukimwuliza habari za Olimpiki, atakutajia miji na mabingwa. Lakini ukimwuliza habari za michezo ya dunia ya wanafunzi wa vyuo vikuu, aghalabu atanyamaza, au atadhani unamtania. Hata hivyo michezo hiyo ipo. Mwanzo wake umepita miaka 100, na watu wengi huihesabu kuwa ndiyo inayofuata Olimpiki kwa wingi wa mataifa na wa aina za mashindano. Kwa kuwa sisi ni wanafunzi, na michezo hiyo ni ya wanafunzi, nimeona yafaa niwaeleze wasomaji wa gazeti letu jinsi ilivyoanza, jinsi inavyoendeshwa, na kwa nini yatuhusu sisi ambao bado hatujaukanyaga mlango wa chuo kikuu.

Mwanzo Wake

Vita Kuu ya Kwanza ilipokwisha mwaka 1918, vyuo vikuu vya Ulaya vilikuwa vimepoteza vijana wengi mno. Wanafunzi wa nchi moja walikuwa wametoka madarasani wakaenda kupigana na wanafunzi wa nchi nyingine, na wengi wao hawakurudi kumaliza masomo. Miaka mitano tu baadaye, mwezi wa Mei 1923, Mfaransa mmoja jina lake Jean Petitjean aliwakusanya Paris wanafunzi wa vyuo vikuu vya nchi mbalimbali ili washindane katika riadha. Haihitaji akili nyingi kuiona maana ya jambo hilo. Vijana wale wangaliweza kukutana tena kwa bunduki. Yeye aliwakutanisha kwa mbio.

Mashindano yale yakapendwa, yakaanza kuhama mji hata mji. Mwaka 1924 yalifanyika Warsaw, 1927 Roma, 1928 yakarudi Paris, 1930 yakawa Darmstadt katika Ujerumani, 1933 Turin katika Italia, 1935 Budapest, na 1937 Paris tena. Mwezi wa Agosti 1939 yaliitishwa Monaco, lakini wakati huohuo Ujerumani ikaandaa michezo yake yenyewe Vienna. Basi wanafunzi wakawa wamegawanyika kabla hata vita haijatangazwa. Tarehe 1 Septemba 1939 majeshi ya Ujerumani yaliingia Poland, na kwa miaka minane hapakuwa tena na michezo ya wanafunzi wa dunia.

Kugawanyika na Kupatana

Mwaka 1947 michezo ilianza upya Paris. Wengi walitumaini kwamba sasa umoja utadumu, lakini haikuwa hivyo. Mataifa makubwa yaliyokuwa yameshinda vita pamoja yalianza kutazamana kwa jicho baya, upande mmoja Urusi ya Kisovieti na rafiki zake, upande wa pili Marekani na nchi za Ulaya Magharibi. Ugomvi wa wakubwa ukawashukia wanafunzi. Mwaka 1949 michezo ikafanyika mara mbili. Upande wa mashariki ulikusanyika Budapest chini ya Umoja wa Kimataifa wa Wanafunzi. Upande wa magharibi ulikusanyika Merano, Italia. Mwaka huohuo, kwa juhudi za Paul Schleimer wa Luxembourg, likaundwa Shirikisho la Kimataifa la Michezo ya Vyuo Vikuu, ambalo hujulikana kwa herufi zake za Kifaransa, FISU.

Kwa miaka kadhaa kila upande ulicheza peke yake. Bingwa wa mashariki hakujua kama yeye ndiye bora kuliko bingwa wa magharibi, wala bingwa wa magharibi hakujua. Mwanafunzi wa hesabu atanielewa nikisema kwamba mashindano ya namna hiyo ni kama kulinganisha alama za mitihani miwili tofauti.

Waliovunja ukuta huo ni wanafunzi wenyewe. Mwaka 1957 Wafaransa walialika pande zote mbili Paris, na wote wakaja. Miaka miwili baadaye Waitalia, wakiongozwa na Primo Nebiolo, waliandaa michezo Turin, na hapo mambo yakatengenezwa vema. Zilikuja nchi 45 na wachezaji 985, na michezo ilikuwa saba: riadha, kuogelea, mpira wa kikapu, mpira wa wavu, tenisi, vitara, na mpira wa majini. Michezo ikapewa jina jipya, Universiade, jina lililoungwa kutokana na neno la chuo kikuu na neno la Olimpiki. Ikapewa na bendera yake yenye herufi U iliyozungukwa na nyota. Siku hizi jina limebadilishwa, nayo huitwa Michezo ya Dunia ya Vyuo Vikuu.

Lakini jambo la Turin linalonipendeza kuliko yote ni wimbo. Katika Olimpiki, mshindi anapovishwa nishani ya dhahabu hupigwa wimbo wa taifa lake. Waitalia waliamua kwamba Turin haitakuwa hivyo. Kila mshindi, wa nchi kubwa na wa nchi ndogo, wa mashariki na wa magharibi, alipigiwa wimbo mmoja, nao ni Gaudeamus, wimbo wa zamani wa Kilatini ambao wanafunzi wa vyuo vikuu vya Ulaya wameuimba kwa karne nyingi. Desturi hiyo ilifuatwa miaka mingi. Maana yake ni wazi. Aliyeshinda pale ni mwanafunzi kwanza, na raia wa nchi fulani baadaye.

Sitaki msomaji adhani kwamba tangu hapo hakukuwa na matata. Mwaka 1967 michezo ilipokuwa Tokyo, Urusi ya Kisovieti na nchi nyingi za kikomunisti hazikuja, kwa sababu ya ugomvi juu ya jina ambalo Korea Kaskazini ingeitwa. Lisbon ilikuwa imekubali kuandaa michezo ya 1969, ikajitoa, na Turin ikaiokoa kwa kuiandaa mwaka 1970. Mwaka 1975 ilifanyika Roma, lakini kwa riadha peke yake. São Paulo nayo ilijitoa mwaka 1989, na Duisburg katika Ujerumani ikaipokea kwa kuifupisha ikabaki na michezo minne tu. Kumbe kuwapokea vijana wa dunia nzima si kazi ndogo. Huhitaji viwanja na mabwawa ya kuogelea tu, bali pia mahali pa kulaza na kulisha maelfu ya wageni, waganga, wakalimani na magari, na fedha ya kuyalipia yote hayo.

Inavyoendeshwa

Makao makuu ya FISU yako Lausanne, Uswisi, na wanachama wake ni mashirika ya michezo ya vyuo vikuu ya nchi zaidi ya 150. Michezo mikubwa ya majira ya joto hufanyika kila baada ya miaka miwili, katika miaka isiyogawanyika kwa mbili. Zamu ya mwaka 2021 ilikuwa ya Chengdu katika China, lakini kwa sababu ya ugonjwa wa korona iliahirishwa hata 2023. Mwezi wa Julai 2025 ilifanyika Ujerumani katika miji ya bonde la Rhine na Ruhr, kama vile Bochum, Essen na Duisburg, na baadhi ya mashindano yakawa Berlin. Iko pia michezo ya majira ya baridi, iliyoanza Chamonix, Ufaransa, mwaka 1960, nayo ni ya theluji na barafu. Theluji yetu sisi iko juu ya Kilimanjaro tu, na wapandao kuiona huja kwa picha wala si kwa mashindano.

Ratiba ya majira ya joto ina michezo ya lazima, na mji mwenyeji huruhusiwa kuongeza michache autakayo. Katika ile ya lazima mna riadha, kuogelea, kupiga mbizi, jimnastiki, judo, vitara, tenisi, tenisi ya meza, mpira wa kikapu, mpira wa wavu, na kulenga shabaha kwa upinde. Wapenzi wa kandanda watasikitika kusikia kwamba mchezo wao, ambao ulikuwamo hata Naples mwaka 2019, umetolewa katika orodha ya lazima. Lakini wasivunjike moyo. Mwaka huohuo FISU ilianzisha Jinjiang, China, kombe la dunia la kandanda la vyuo vikuu, ambamo chuo chenyewe ndicho kinachocheza na si timu ya taifa.

Tena katika miaka igawanyikayo kwa mbili hufanyika mashindano ya dunia ya mchezo mmoja mmoja. Hayo ni madogo kidogo, na kwa sababu hiyo hata nchi zisizo na fedha nyingi huweza kuyaandaa. Nitarudi kwake nitakapofika Afrika.

Sasa nataka msomaji aitazame sharti moja ambalo ndilo moyo wa michezo hii. Ili mtu akubaliwe kushindana, sharti awe mwanafunzi wa chuo kikuu au chuo kilicho sawa nacho, aliyeandikishwa na anayeendelea na masomo, au awe amemaliza mwaka uliotangulia michezo. Umri wake usizidi miaka 25. Hapo zamani ulikuwa 28. Mtu aweza kuwa mwepesi kuliko swala, lakini kama jina lake halimo katika daftari la chuo, atatazama mashindano kutoka jukwaani. Katika Olimpiki huulizwa unakimbia kwa sekunde ngapi. Hapa huulizwa kwanza unasoma wapi.

Watu wengine hulaumu kwamba baadhi ya mataifa wamelizunguka sharti hili kwa kuwaandikisha mabingwa wao katika vyuo vya michezo, ambako somo kubwa ni kukimbia kwenyewe. Lawama hiyo ina ukweli. Lakini sheria inayozungukwa na wachache haiachi kuwa sheria njema, kama vile mtihani haukosi maana kwa kuwa yuko mmoja aliyechungulia karatasi ya jirani yake.

Baadhi ya Mabingwa

Isidhaniwe kwamba kwa kuwa ni ya wanafunzi basi michezo hii ni ya kitoto. Rekodi kubwa za dunia zimevunjwa humo. Mwaka 1961, Sofia, Valeriy Brumel wa Urusi ya Kisovieti aliruka juu mita 2.25, ikawa rekodi ya dunia. Katika mji huohuo mwaka 1977, Alberto Juantorena wa Cuba alikimbia mita 800 kwa dakika 1 na sekunde 43.44, nayo ikawa rekodi ya dunia.

Lakini rekodi mashuhuri kuliko zote ni ya Mwitalia Pietro Mennea. Tarehe 12 Septemba 1979, katika michezo ya Jiji la Mexico, alikimbia mita 200 kwa sekunde 19.72. Rekodi aliyoivunja, ya sekunde 19.83, ilikuwa imewekwa na Tommie Smith wa Marekani katika jiji lilelile kwenye Olimpiki ya 1968. Waliosoma fizikia watajua sababu mojawapo ya mambo haya kutokea huko. Jiji la Mexico liko zaidi ya mita 2,200 juu ya usawa wa bahari, na hewa yake ni nyepesi, kwa hiyo haimzuii sana mtu akimbiaye kwa kasi. Kwa mbio ndefu mambo hugeuka, maana katika hewa nyepesi oksijeni ni haba na mapafu huteseka. Hata hivyo hewa peke yake haikumkimbiza Mennea, kwa kuwa wenzake wote waliivuta hewa ileile. Rekodi yake ilidumu karibu miaka 17, mpaka Michael Johnson wa Marekani alipoivunja mwaka 1996.

Na Mennea alifanya nini baadaye? Alipata digrii zaidi ya moja, akawa mwanasheria, na tangu 1999 hata 2004 akawa mjumbe wa Bunge la Ulaya. Miguu yake ilipochoka, kichwa chake kilikuwa bado kina kazi.

Afrika na Michezo Hii

Waafrika nao wamekwisha kushinda huko. Saïd Aouita wa Morocco alishinda mita 1,500 Bucharest mwaka 1981, na miaka mitatu baadaye akashinda mita 5,000 katika Olimpiki ya Los Angeles. Akani Simbine wa Afrika Kusini alishinda mita 100 Gwangju, Korea Kusini, mwaka 2015.

Jirani zetu wa Uganda wameonyesha kwamba hata kuandaa twaweza. Mwaka 2014 mashindano ya dunia ya mbio za nyika ya vyuo vikuu yalifanyika Entebbe, na mwaka 2018 yale ya mpira wa pete yalifanyika Kampala. Tena Kampala ndiyo makao ya Shirikisho la Michezo ya Vyuo Vikuu vya Afrika. Ila michezo mikubwa yenyewe, ile ya majira ya joto, haijapata kufanyika katika mji wowote wa Afrika tangu ilipopewa jina lake Turin mwaka 1959.

Wako pia wakimbiaji wetu wa Afrika Mashariki waliofikia ubingwa kwa njia ya chuo kikuu, ingawa vyuo vyao vilikuwa ng'ambo. Suleiman Nyambui, Mtanzania, alikuwa akisoma katika Chuo Kikuu cha Texas kilichoko El Paso alipopata nishani ya fedha ya mita 5,000 katika Olimpiki ya Moscow mwaka 1980. Mwaka huohuo Filbert Bayi alipata ya fedha katika mbio za kuruka viunzi na maji. Mpaka Olimpiki ya Paris ya mwaka 2024 ilipokwisha, nchi yetu haikuwa imepata nishani nyingine ya Olimpiki zaidi ya hizo mbili. Henry Rono wa Kenya alikuwa mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Jimbo la Washington mwaka 1978 alipovunja rekodi nne za dunia kwa muda wa siku 81: mita 3,000, mita 5,000, mita 10,000, na mbio za kuruka viunzi na maji. Mike Boit, pia wa Kenya, aliyepata nishani ya shaba ya mita 800 Munich mwaka 1972, alisoma Marekani mpaka akapata shahada ya udaktari wa elimu, kisha akarudi kufundisha katika Chuo Kikuu cha Kenyatta.

Wasichana wasione kwamba habari hizi ni za wavulana tu. Nawal El Moutawakel wa Morocco alikuwa mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Iowa State aliposhinda mita 400 za kuruka viunzi katika Olimpiki ya 1984. Alikuwa mwanamke wa kwanza wa nchi yake kupata nishani ya dhahabu, na miaka mingi baadaye akawa waziri wa michezo wa Morocco.

Yatuhusu Nini?

Muhula uliopita Chama cha Mijadala cha shule yetu kilijadili hoja isemayo kwamba michezo hudhuru masomo. Hoja ilipita kwa kura nyingi. Waliounga mkono walisema maneno ya kweli. Walisema kwamba mchezaji hurudi bwenini amechoka, na jioni akifungua kitabu husinzia. Walitaja vijana waliokuwa hodari katika UMISSETA, wakafika mkoani na hata taifani, lakini mtihani ulipokuja wakaanguka, na leo hawachezi wala hawasomi. Siwezi kuyakana hayo, kwa kuwa vijana wa namna hiyo sote twawajua vijijini kwetu. Mbio za sakafuni huishia ukingoni.

Lakini naona kwamba mjadala ule uliuliza swali vibaya. Uliuliza kama kijana achague kitabu au kiatu. Sharti la michezo ya vyuo vikuu lajibu kwamba hapana kuchagua. Asiyesoma hakimbii huko, na asomaye bila kukimbia hana safari. Njia ya kwenda Chengdu au Bochum haikuanzia uwanjani peke yake. Kwa mwanafunzi wa nchi hii hupitia mtihani wa Kidato cha Nne mwezi wa Novemba, hupitia Kidato cha Tano na cha Sita, ndipo ifike chuoni. Mkimbiaji anayetupa vitabu ili apate nafasi ya mazoezi ameufunga mlango ambao mazoezi yangemfungulia.

Ni vilevile kwa upande wa pili. Sisi wa Kidato cha Nne tumeambiwa muhula huu tuviweke viatu vya michezo masandukuni mpaka mtihani uishe. Najua amri hiyo imetolewa kwa kututakia mema, na twaitii. Lakini naomba ruhusa ya kuifanyia hesabu. Vipindi vya michezo shuleni kwetu ni siku tatu kwa juma, toka saa kumi mpaka saa kumi na moja u nusu jioni. Hizo ni saa nne na nusu. Juma zima lina saa 168. Kwa hiyo michezo huchukua saa chini ya tatu katika kila saa mia moja. Kama kuna mwizi wa wakati wetu, basi hajifichi ndani ya saa hizo nne na nusu. Atafutwe katika mazungumzo ya bwenini, na katika kukaa na kitabu kilichofunguliwa ilhali mawazo yako nyumbani.

Tena mwili ukikaa miezi mitatu bila mazoezi husahau upesi kuliko kichwa kinavyosahau tarehe za historia. Mkimbiaji huanza upya karibu na mwanzo. Kwa hiyo, kwa heshima zote, nathubutu kuwaomba walimu wetu wafikirie jambo la katikati: sisi wa Kidato cha Nne turuhusiwe jioni mbili kwa juma, kwa sharti kwamba yeyote ambaye alama zake za majaribio zimeshuka anyimwe ruhusa mpaka zipande. Hilo ndilo sharti la FISU lenyewe, isipokuwa limeletwa shuleni kwetu. Naamini litawafanya wachezaji wasome kwa bidii zaidi kuliko onyo lolote, maana mchezaji huogopa kukosa mchezo kuliko anavyoogopa kiboko.

Kwa wazazi nina neno moja. Mtoto akija likizoni na cheti cha michezo, msimwulize kwa nini hakuleta cha hesabu badala yake. Mwulizeni cha hesabu kiko wapi, na vyote viwili mvitundike ukutani pamoja. Msipomfundisha kwamba mambo hayo mawili huenda pamoja, atajifunza mwenyewe kwamba ni maadui, kisha atamchagua mmoja, na huenda asimchague yule mnayempenda ninyi.

Na kwa wanafunzi wenzangu, hasa wadogo zetu wa Kidato cha Kwanza na cha Pili, nawapeni hesabu nyingine ya kufanya. Michezo ya mwaka 2027 imepangiwa Korea Kusini, na ya mwaka 2029 imepewa North Carolina, Marekani. Zamu nyingine itakuwa mwaka 2031, kisha 2033. Kila mmoja achukue kalamu, ajumlishe umri wake, atazame mwaka upi atakuwa chuoni naye hajapita miaka 25. Akiisha kuupata mwaka huo auandike ndani ya jalada la daftari lake la masomo, na chini yake aandike muda wake wa mita 100 au wa mita 1,500 wa leo. Kisha akaze kamba za viatu aende uwanjani, na saa ya masomo ya jioni ikigonga awe wa kwanza kufungua kitabu.